Siku yangu porini Sikonge, mvua za kwanza

Saa 11 alfajiri. Uji, baiskeli, panga, dumu la maji. Mimi mfugaji nyuki. Mizinga yangu iko kwenye misitu ya miombo huku Sikonge, mkoani Tabora.

Saa 1 asubuhi. Ni Novemba, mvua zimeanza juzi juzi na majivu ya moto wa kiangazi bado yanapaka viatu. Katikati ya weusi huo limesimama bua tupu, halina jani hata moja, limejaa maua ya waridi. Ni okidi ya ardhini, Eulophia cucullata kwa jina la kitaalamu. Kiangazi chote hujificha chini ya udongo, imeweka akiba yake kwenye tunguu. Moto unapita juu, wenyewe haujui. Ikilowa inatanguliza maua, majani baadaye.

Saa 3. Mizinga. Siafu wawili watatu, nondo wa nta kidogo. Sawa.

Saa 5. Nimekaa chini ya mti wa mtundu naitazama ile okidi. Nyuki mkubwa mweusi, yule anayetoboa miti mikavu, akaingia ndani ya ua lake, akapekua, akatoka mikono mitupu. Eulophia nyingi hazina asali hata tone, zinatapeli kwa rangi na umbo. Na mgeni haondoki bure: chavua ya okidi haimwagiki kama unga, hushikamana vibonge vinavyomganda mwilini hadi ua jingine. Mimi ninayeishi kwa jasho la nyuki ningepaswa kuichukia. Siwezi, jamani, ni nzuri mno.

Saa 7 mchana. Ugali na dagaa wa Kigoma. Kijana wa kaka yangu ananiuliza, "Baba mdogo, nichimbe moja nikapande nyumbani?" Nikamwambia aache. Mbegu zake ni vumbi, hazina chakula ndani. Bila kuvu wa udongoni kuzilisha hazioti, na kuvu huyo huwezi kumwagiza dukani. Kule Makete watu wamechimba viazi vya okidi kwa magunia, vikavushwa Zambia kupikwa chikanda, chakula cha huko kinachotengenezwa kwa viazi hivyo. Kilichotolewa ardhini hakirudi upesi.

Saa 10. Njiani tumepita shamba jipya la tumbaku, magogo yamepangwa tayari kwa bani, banda la kukaushia tumbaku kwa moto. Hapo ndipo ninapokasirika. Okidi hii inastahimili moto na ukame, lakini jembe linaling'oa tunguu lenyewe, na miti ikiisha mizinga naitundika wapi?

Saa 12 jioni. Nyumbani. Nta inangoja kuyeyushwa, mnunuzi anakuja kesho asubuhi, na kuni zimelowa.