Vitabu vya waongozaji wa Ulaya: visome huku filamu iko mbele yako

Picha iliyozagaa kuliko zote za À bout de souffle ya Jean-Luc Godard ni ile ya Jean Seberg akimbusu Jean-Paul Belmondo shavuni, wakitembea Champs-Élysées. Utaikuta kwenye majalada ya vitabu, mabango na kadi za posta. Ndani ya filamu haimo. Aliipiga Raymond Cauchetier, mpiga picha mnato wa seti, na kazi yake ilikuwa kuitangaza filamu, si kuinakili.

Ndiyo maana nikishika kitabu kipya kuhusu mwongozaji yeyote wa Ulaya naanza na kurasa za picha. Picha ya seti hupigwa na mtu mwingine, kwa kamera nyingine, akiwa amesimama pahali pengine. Huwa kali na safi, na waigizaji mara nyingi wametulia. Fremu, yaani picha moja iliyotolewa kwenye filamu yenyewe, ina chembechembe, mkono unaosogea huacha ukungu, na umbo lake ni lilelile toka fremu moja hadi nyingine. Les Quatre Cents Coups ya François Truffaut ilipigwa kwa mfumo wa Dyaliscope, yaani upana 2.35 kwa kimo 1. Kitabu kikikuonyesha picha ya filamu hiyo iliyokaribia mraba, ama ni ya seti ama imekatwa kando. Kwa kitabu cha maisha ya Truffaut haidhuru. Kwa kitabu kinachodai kuchambua namna anavyopanga watu ndani ya fremu, ni fundi kupima ukuta kwa rula iliyopinda.

Kipimo changu cha pili ni mwisho wa filamu hiyohiyo. Antoine, mvulana ambaye ndiye mhusika mkuu, anakimbia, kamera inamfuata kwa muda mrefu. Anafika ufukweni, anakanyaga maji, anageuka kurudi nchi kavu na kuitazama kamera. Hapo picha inaganda na uso wake unaletwa karibu. Mwandishi akikuambia kwamba mvulana anaishia kuitazama bahari, anaandika kwa kumbukumbu. Kwa vitabu vya miaka ya 1960 na 1970 si uvivu. Kabla ya kanda za video, kuirudia shoti moja, yaani kipande kilichopigwa bila kukatizwa, kulitaka upate nakala ya filamu na mashine ya kuitembezea, na wengi walichokuwa nacho ni daftari walilochorachora gizani ukumbini. Kwa kitabu kilichoandikwa baada ya DVD, kosa la namna hiyo halina utetezi.

Ukianza kulinganisha kitabu na diski utakutana na tatizo la dakika. Kitabu kinasema tukio linaanza dakika ya 40. Wewe unalikuta dakika ya 38 na sekunde 24. Hakuna aliyekosea. Filamu hupigwa kwa fremu 24 kwa sekunde, na DVD za mfumo wa PAL, zilizokuwa za kawaida Ulaya, huichezesha kwa fremu 25. Filamu nzima inakimbia kwa asilimia nne, hivyo filamu ya dakika 100 inakwisha kwa dakika 96. Zidisha muda wa kitabu kwa 0.96 utafika mahali pake. Ukiwa na Blu-ray na mwandishi alitumia DVD ya PAL, gawanya badala ya kuzidisha. Ikiwa tofauti haifuati hesabu hiyo, au inaongezeka ghafla katikati, basi mna matoleo mawili tofauti ya filamu, na hapo inafaa usome tanbihi za kitabu kwa makini.

Miaka nayo inachanganya. À bout de souffle ilipigwa mwaka 1959, ikaonyeshwa Machi 1960. Paris nous appartient ya Jacques Rivette ilipigwa mwaka 1958 na kutoka 1961. Kuna vitabu vinavyohesabu mwaka wa kupiga na vingine mwaka wa kutoka, na ukivichanganya utamfanya Rivette aonekane mfuasi wa vijana kama Godard na Truffaut, ambao kwa kweli alianza pamoja nao.

Sasa maneno ya waongozaji wenyewe. Watu huyaamini kuliko wanavyostahili. Ingmar Bergman ni somo tosha: kitabu cha mahojiano aliyofanyiwa na waandishi watatu vijana kilitoka Uswidi mwaka 1970, na kwa miaka ishirini kilinukuliwa kama hati rasmi. Kisha mwaka 1990 Bergman akatoa Bilder, kitabu cha kupitia filamu zake moja moja, na mapema kabisa ndani yake anayakana mahojiano yale. Anasema alikuwa amejihami, akijibu ili awaridhishe. Kwa hiyo ukitaka kuvisoma vyote viwili, anza na Bilder. Tawasifu yake, Laterna magica ya 1987, ni kitabu kitamu zaidi ya vyote, lakini kisome kama kazi ya msanii anayejua kupanga onyesho. Haimaanishi ni uongo. Inamaanisha usikitumie kuthibitisha tarehe.

Mahojiano ya Truffaut na Alfred Hitchcock, ambayo vijana wengi wa filamu hukabidhiwa kama kitabu cha kwanza, yana tatizo la aina nyingine. Yalifanyika mwaka 1962, Hitchcock akisema Kiingereza, Truffaut Kifaransa, Helen Scott katikati akitafsiri. Kitabu kikatoka kwa Kifaransa mwaka 1966, kisha kwa Kiingereza mwaka uliofuata. Mtiririko ule laini wa swali na jibu ulitengenezwa mezani. Kinafaa sana kwa kujua Truffaut alikuwa anawaza nini juu ya kazi yake mwenyewe. Toleo la kutafuta ni lile lililoongezwa sura ya filamu za mwisho za Hitchcock, lililotoka muda mfupi kabla Truffaut hajafariki mwaka 1984.

Kwa Éric Rohmer nina kitabu kimoja cha kupendekeza bila kusita: wasifu wa Antoine de Baecque na Noël Herpe wa mwaka 2014. Nguvu yake ni nyaraka. Rohmer alikuwa mtunza karatasi, na karatasi hizo zimehifadhiwa katika taasisi ya IMEC, karibu na Caen. Jina lake halisi ni Maurice Schérer, na alimficha mama yake kwamba anatengeneza filamu. Waandishi hawalipambi jambo hilo. Wanaweka barua na daftari mezani, wewe unajionea. Pembeni yake weka Six contes moraux, hadithi za Rohmer zilizochapishwa mwaka 1974. Wengi hudhani ni filamu zilizogeuzwa kuwa hadithi baada ya kufanikiwa. Ni kinyume chake: hadithi zilitangulia, na ukizisoma utaelewa kwa nini wahusika wake husema kama watu waliokwisha kujiandika.

Godard ana wasifu mwingi mno. Cha Colin MacCabe (2003) kimeandikwa na mtu aliyewahi kufanya naye kazi, na ukaribu huo unasaidia na kuumiza. Cha Richard Brody (2008) kinazifuata filamu moja hadi nyingine kwa bidii, ila kina tabia ya kuigeuza kila filamu kuwa barua ya siri kuhusu ndoa fulani. Ukiweza Kifaransa, viache vyote kwa muda usome Godard au travail cha Alain Bergala (2006). Kinahusu miaka ya 1960 peke yake, na kinatumia makaratasi ya seti: ratiba, muhtasari, taarifa za kila siku. Hadithi kwamba Godard alikuwa anabuni tu asubuhi kwenye mkahawa inapungua uzito ukishaona ni kiasi gani cha kazi kilipangwa.

Tafsiri ndiyo inayoharibu zaidi ya kitu kingine chochote. André Bazin, mhakiki wa filamu wa Kifaransa, alifariki Novemba 1958 akiwa na miaka 40, na makala zake zikakusanywa katika juzuu nne, Qu'est-ce que le cinéma?, kati ya 1958 na 1962. Wasomaji wa Kiingereza walipewa mchujo wa Hugh Gray, juzuu mbili, 1967 na 1971. Mwaka 2009 Timothy Barnard alitoa tafsiri mpya ya baadhi ya makala huko Kanada, ambako haki za Bazin zilikuwa zimekwisha, na kwa sababu hiyohiyo ya haki haikuweza kuuzwa Marekani. Ugomvi mkubwa uko kwenye neno découpage. Maana yake ni namna onyesho linavyogawanywa katika shoti, uamuzi unaofanywa kichwani, kwenye karatasi na kwenye seti. Mtafsiri akiliita uhariri, Bazin anaonekana anazungumzia mkasi na meza, ilhali hoja yake ni kuhusu uamuzi uliofanyika kabla kamera haijawashwa. Ukikuta sentensi ya Bazin isiyoingia akilini penye neno la uhariri, weka mgawanyo wa shoti mahali pake uisome tena. Mara nyingi inanyooka.

Vichwa vya filamu navyo vinaumia. Les quatre cents coups ni nahau ya Kifaransa ya kufanya utundu wa kila namna. Hakuna anayechapwa mapigo mia nne, ingawa jina la Kiingereza limewafanya wahakiki kadhaa wayatafute.

Andrei Tarkovsky, mwongozaji wa Kirusi, ni kesi nyingine ya jina. Kwa Kirusi kitabu chake kinaitwa wakati uliopigwa chapa, kwa Kijerumani, ambako kilitoka kwanza mwaka 1985, wakati uliotiwa lakiri, na kwa Kiingereza kuchonga ndani ya wakati. Mchongaji yumo kweli ndani ya maandishi, lakini hoja yenyewe inasimama juu ya chapa: kwamba kamera inanasa muda uliopita mbele yake, na mdundo wa filamu unatokana na msukumo wa muda huo ndani ya shoti, si urefu wa vipande. Ruka kurasa za falsafa ukichoka, lakini usiruke anapoeleza filamu yake Kioo: shoti kama mia mbili tu, na mipangilio ya uhariri ishirini na zaidi kabla filamu haijakubali kusimama. Hapo ndipo anasema kama fundi.

Vitabu viwili vya mwanafalsafa Gilles Deleuze kuhusu sinema, 1983 na 1985, viweke mwisho wa foleni. Vinadhani umekwisha kuziona filamu zote.

Nimemwachia Robert Bresson nafasi kwa sababu kitabu chake ndicho kidogo kuliko vyote na ndicho kinachosomwa vibaya kuliko vyote. Notes sur le cinématographe kilitoka mwaka 1975. Hakina sura wala hoja inayojengwa. Ni vijisentensi alivyojiandikia, fungu la kwanza 1950 hadi 1958, la pili 1960 hadi 1974. Kosa linaanzia jaladani. Toleo la kwanza la Kiingereza lilikiita kitabu cha upigaji picha, lililofuata likamtaja mpiga picha, na ni toleo la mwaka 2016 lililorudisha neno lenyewe. Bresson haandiki kuhusu kazi ya kamera. Kwake sinema ni tamthilia iliyopigwa picha, na sinematografu ni uandishi kwa picha na sauti zinazosogea. Vivyo hivyo modeli, neno analowaitia waigizaji wake: si kielelezo wala mwanamitindo, bali mtu aliyekaa mbele ya mchoraji, na Bresson alikuwa mchoraji kabla ya filamu.

Ukikisoma mfululizo kitakuchosha baada ya kurasa ishirini, kila sentensi ikidai uzito uleule. Dawa ni kuchukua sentensi moja na filamu moja. Anaandika kwamba kipenga cha garimoshi kinatupa picha ya kituo kizima. Chukua Un condamné à mort s'est échappé, 1956, sehemu ya mwisho, wafungwa Fontaine na Jost wakitoroka juu ya paa la gereza. Itazame mara moja bila kusimamisha. Kisha chora safu nne kwenye karatasi: namba ya shoti, muda, kinachoonekana, kinachosikika. Jaza dakika kumi tu. Ukikadiria sekunde nane kwa shoti utapata kama mistari 75, na itakula jioni nzima kwa sababu kila mstari unakutaka urudi nyuma mara mbili au tatu. Usijaze safu ya sauti huku unatazama. Geuza uso, sikiliza, andika, ndipo uangalie.

Wengi hukwama hapo kwa kuandika "kimya". Hakuna kimya. Kuna kokoto za paa zinazolia chini ya miguu, na wawili hao wanasubiri garimoshi lipite ili mlio wake ufunike hatua zao. Garimoshi lenyewe hatulioni. Baadaye inasikika sauti ya kitu kinachokwaruza, inarudi na kurudi, na muda mrefu hujui ni nini mpaka inapoonekana baiskeli ya mlinzi anayezunguka chini. Kwenye karatasi yako utaona safu ya sauti imetangulia safu ya picha kwa mistari kadhaa.

Ukimaliza, rudi kwenye kitabu usome sentensi zote zinazotaja sikio na jicho.