Mshale kwanza, bunduki baadaye: nilivyomchagulia mtoto bunduki ya sponji Lubumbashi

Anayekwenda kununua bunduki ya kuchezea inayorusha mishale ya sponji huangalia bunduki. Mimi nilianza na mshale, na kazi yote ikawa nyepesi. Bunduki moja hudumu muda mrefu, lakini mishale hupotea kila wiki: unapanda juu ya bati, unaangukia kwa jirani, unatafunwa na mbwa. Kama saizi yake haipatikani mjini, bunduki inabaki pambo la kabati. Mtoto niliyekuwa namtafutia ana miaka 8, mikono bado midogo, na nyumbani kuna mdogo wake wa miaka 2. Mambo hayo mawili yaliamua mengi kuliko bei.

Saizi iliyoenea zaidi ni ile ya Elite, ambayo Nerf, chapa ya kampuni ya Hasbro, iliileta sokoni mwaka 2012: urefu wa sentimita 7.2 hivi, unene wa milimita 13 kasoro kidogo, uzito karibu gramu 1. Viwanda vingi vya China vinatengeneza mishale ya saizi hiyo na kuifunga kwenye mifuko ya nailoni, mara nyingi 100 kwa mfuko, na hiyo ndiyo utakayoikuta kwetu meza zinapojaa vitu vya watoto kabla ya Saint-Nicolas (sikukuu ya watoto mwanzoni mwa Desemba) na Noeli. Nerf wenyewe wana saizi nyingine: Mega ambayo ni minene, Ultra, vipira vya Rival, na N1 iliyotoka 2024. Kila moja ina bunduki yake. Kwa hiyo nilikwenda sokoni na rula mfukoni, na bunduki ambayo mshale wake haukufika sentimita 7 au ulizidi unene wa milimita 13 sikuuliza hata bei.

Kichwa cha mshale nacho kina maneno. Vya kunata ukutani, vile vyenye umbo la kikombe, vinawafurahisha watoto, ila ni vipana kuliko sponji yenyewe. Vinaingia tu kwenye bunduki inayopakiwa kwa mbele. Kwenye ile yenye kisanduku cha mishale vinakwama. Isitoshe, kikombe kikibanduka kinakuwa kipande kidogo cha mpira laini, na hicho ndicho hatari kwa mtoto wa miaka 2. Mwaka 2010 Marekani iliondoa sokoni seti zipatazo milioni 1.8 za bunduki ya mishale laini ya plastiki baada ya watoto kufa kwa kukabwa. Walikuwa wameweka mshale mdomoni. Tena hawakuwa wachanga, kuna aliyekuwa na miaka 9 na mwingine 10. Mimi nilichagua kichwa butu cha mpira laini, upana sawa na sponji. Kukipima ni rahisi: shika sponji kwa mkono mmoja, kichwa kwa mwingine, zungusha huku ukivuta. Kikianza kuonyesha uzi wa gundi pembeni, rudisha mfuko mzima, kwa sababu gundi iliyowekwa vibaya haiwi kwa mshale mmoja tu. Halafu bonyeza kichwa kwa ukucha. Ukucha ukizama na alama ikarudi, sawa. Kikiwa kigumu kama kifuniko cha kalamu ya bic, acha.

Sasa jambo ambalo wauzaji wetu wanalichanganya, na sidhani wanafanya kwa ubaya. Juu ya meza ile ile, karibu na bunduki za sponji, kuna bastola nyeusi zinazorusha vigololi vya plastiki vya milimita 6. Ni za bei ndogo, zinafanana na bastola ya kweli, na muuzaji atakusifia: "Papa, hii iko na nguvu, inafika mpaka kule." Nguvu hiyo ndiyo tatizo. Mshale wa gramu 1 unaotoka kwa kasi ya mita 21 kwa sekunde unabeba nishati ya juli 0.22. Kigololi cha gramu 0.12 kikitoka kwa mita 60 kwa sekunde kinabeba karibu kiasi kile kile, lakini kinakigonga kitu kwenye eneo dogo karibu mara tano, tena ni kigumu na hakibonyei. Kwa jicho linalopigwa, hivyo viwili si sawa hata kidogo. Ukiona tundu la mtutu halipiti kidole kidogo cha mtoto, hiyo si ya sponji. Zile za vidonge vya jeli vinavyovimba majini nazo nilizipita: kidonge kikavu ni kidogo kama punje ya mtama, mtoto mdogo anakimeza, nacho kinavimba ndani ya utumbo.

Zilizobaki zilikuwa za aina mbili: za springi na za pile, yaani betri. Ya pile ina magurudumu mawili yanayozungushwa na mota, yanaubana mshale na kuurusha. Inavutia sana dukani. Lakini nyingi zinataka pile 4 au zaidi, na pile za bei ndogo zinazouzwa kila kona zinashindwa kutoa umeme mwingi kwa mara moja. Magurudumu yanazunguka polepole, mshale unadondoka miguuni. Utalazimika kununua za alkalini, na mtoto atazimaliza kwa sababu anapenda kusikia mota ikilia hata bila kupiga. Za kuchaji zina shida yake, umeme kukatika, nayo kila mwenye nyumba Lubumbashi anaijua. Nikachukua ya springi.

Ndani ya bunduki ya springi hakuna maajabu. Ukivuta kipini, pistoni inarudi nyuma na kubana springi, kisha inanaswa. Ukivuta kifyatulio, inaachiwa na kusukuma hewa nyuma ya mshale. Kwa hiyo kuna vitu viwili vya kukagua, hewa isivuje na kipini kisimshinde mtoto. Hewa niliipima hivi: vuta kipini bila kuweka mshale, ziba tundu la mtutu kwa kiganja, fyatua. Pistoni ikienda taratibu na kiganja kikahisi msukumo, mpira wake unaziba. Ikigonga "tap!" papo hapo kana kwamba hujaziba kitu, hewa inatoroka, na mshale hautafika popote. Usirudie mara nyingi, maana kupiga bila mshale kunaigongesha pistoni kwenye plastiki.

Kipini, bora mtoto mwenyewe akivute pale pale mezani. Kama hayupo, funga mfuko wenye chupa 3 za maji za lita 1.5 kwenye kipini, bunduki ikiwa imeshikwa wima mtutu juu. Hizo ni kilo 4 na nusu. Kipini kikishuka mpaka kulia "klak", mimi naona kinamfaa mtoto wa miaka 8. Kisiposhuka, mtoto ataegemeza mtutu tumboni au chini ya kidevu ili apate nguvu ya kuvuta, na hapo mwili wake, pengine hata uso, uko mbele ya tundu. Hilo ni baya kuliko bunduki dhaifu. Kuvuta nusu nusu pia ndiko kunakofanya watu waseme bunduki imeharibika: kipini kisipofika mwisho, pistoni hainaswi, na kifyatulio hakifanyi chochote.

Chungulia pia ndani ya mtutu, bunduki ikiwa haijavutwa. Nzuri zina kijiti katikati, ambacho kinaingia kwenye tundu la mshale. Kijiti hicho kinazuia mtoto asipakie penseli, msumari au kokoto. Niliingiza penseli kwenye kila niliyoishika. Ile iliyoimeza mpaka ndani niliiacha hapo hapo. Hiki ndicho kipimo ninachokiamini kuliko alama zilizochapwa kwenye boksi, maana alama yoyote inaweza kuchapwa.

Namba za boksi zisikusumbue. Mita 27 zinazoandikwa hupatikana ukielekeza mtutu juu. Mtoto akiishika usawa wa mita 1 kutoka chini na kupiga moja kwa moja, mshale unagusa udongo kabla ya mita 10. Kwa lupango (uwanja wa nyumba) la kawaida inatosha.

Rangi: chungwa, buluu, kijani, na haitoki nje ya lupango. Usiipake rangi nyeusi hata mtoto akilia. Askari anayeona umbo la bunduki jioni giza likiingia hana muda wa kuuliza ni ya sponji au la. Jamaa walio Goma, mji uliozoea vita, wataelewa hili bila maelezo, na kule nisingeinunua kabisa.

Macho yanahitaji miwani, hata kwa sponji. Mwaka 2017 madaktari wa hospitali ya macho ya Moorfields, London, waliandika juu ya wagonjwa watatu waliopigwa jichoni na mishale ya aina hii na kuvuja damu ndani ya jicho. Mmoja alikuwa mtoto wa miaka 11. Hapa mji wa migodi unatusaidia: maduka ya vifaa vya wachimbaji yanauza miwani ya kinga. Tafuta iliyoandikwa EN 166 (kiwango cha Ulaya cha kinga ya macho) na herufi F kwenye kioo. F ina maana imepimwa kwa gololi ya chuma ya milimita 6 inayokuja kwa mita 45 kwa sekunde. Ni ya watu wazima, itamteleza mtoto, kwa hiyo tia lastiki ya fundi cherehani nyuma, kutoka mkono mmoja wa miwani hadi mwingine.

Fedha niligawa hivi: theluthi mbili bunduki, theluthi moja miwani na mfuko wa mishale ya akiba. Wakati wa kiangazi vumbi jekundu linaingia ndani ya mtutu. Futa kwa kitambaa kikavu kilichozungushiwa kijiti. Kipini kikianza kukwaruza, tia girisi ya silikoni kidogo, kiasi cha punje ya mchele. Usitie mafuta ya mashine, ya kupikia, wala vazelini, yanaweza kuharibu mpira wa pistoni. Mshale uliobonyea upitishe juu ya mvuke wa maji yanayochemka kwa sekunde chache, ukiushika kwa koleo upande wa kichwa ili joto lisifike kwenye gundi. Sponji itajaa tena. Uliochanika au kichwa kinachocheza unatupwa siku hiyo hiyo, kwenye pipa lenye kifuniko, mdogo asiufikie.