Radi: hewa inapogeuka waya

Ukiulizwa hali za maada utataja mango, kimiminika na gesi. Ya nne, plazma, vitabu vingi vya shule huipa mstari mmoja tu, ilhali jua zima ni plazma, na kila radi ni plazma.

Hewa haipitishi umeme kwa sababu elektroni zake zimeshikwa na molekuli. Kung'oa elektroni moja kwenye molekuli ya oksijeni kunahitaji elektronivolti (kipimo cha nishati ndogo sana) 12 hivi. Kwenye naitrojeni, zaidi ya 15. Zikishang'oka za kutosha, hewa inaanza kupitisha umeme na haiwi tena gesi ya kawaida: imekuwa plazma. Jina plazma lilitolewa na mwanasayansi Mmarekani Irving Langmuir mwaka 1928.

Hewa kavu ya usawa wa bahari huvunjika, yaani huanza kupitisha umeme, kwenye volti milioni 3 hivi kwa mita. Ajabu ni kwamba vipimo vya ndani ya mawingu hupata kama sehemu ya kumi tu ya kiasi hicho, na wanafizikia bado wanabishana ni nini hasa huwasha cheche ya kwanza. Ikishawaka, hushuka kwa hatua za mita 50 hivi, ikitua mikrosekunde 50 hivi kati ya hatua na hatua. Kila hatua hutafuta upya pa kupita, ndiyo maana radi haiji imenyooka. Ikikaribia chini, miti, mapaa na hata vichwa vya watu hutoa vicheche vya kuipokea. Vikikutana, mkondo wa ampea 30,000 hivi unapita, na mng'ao mkali tunaouona hukimbia kutoka chini kwenda juu. Njia yenyewe ni nyembamba, sentimita chache tu, lakini joto lake hufika nyuzi 30,000, mara tano ya uso wa jua. Hewa hiyo hutanuka kwa kishindo. Hiyo ndiyo ngurumo. Kabla njia haijapoa, pigo jingine hupita humohumo, mara tatu au nne, na jicho huona radi ikipepesa.

Si kila plazma huunguza. Ndani ya taa ya tyubu elektroni zina joto la nyuzi zipatazo 11,000, na bado unaigusa kwa mkono. Mle gesi ni chache mno, elektroni hazigongani na atomu mara nyingi, kwa hiyo joto lao hawaligawi. Kwenye radi hewa imejaa, na migongano husawazisha joto lote papo hapo.

Sasa kwa fundi. Kwenye kinga ya radi, yaani waya unaoshusha radi kutoka paani hadi ardhini, watu huamini waya mnene wa shaba unatosha. Unene si tatizo kubwa. Tatizo ni kasi ya mkondo kupanda. Kila mita ya waya ina uindaktansi (tabia ya waya kupinga mkondo unaobadilika) wa mikrohenri 1 hivi. Mkondo ukipanda kwa ampea 30,000 katika mikrosekunde moja, kila mita inabeba volti 30,000. Waya wa mita 10 unafika 300,000, zinazotosha kuvunja kama sentimita 10 za hewa. Radi inauacha waya wako, inatengeneza plazma mpya na kurukia bomba la maji au nondo ya dirisha iliyo jirani. Kwa hiyo shusha waya kwa njia fupi, usiukunje kona kali, na chuma chochote kilicho karibu kiunganishe nao. Shusha nyaya mbili au zaidi, kwenye pembe za nyumba zinazotazamana, ili mkondo ugawanyike. Viungo vibanwe kwa klampu. Kuzungushia waya kwa mkono ni kualika cheche.

Chini nako kuna hatari, na huku ndiko wengi huumia. Kwenye udongo wa ohmu-mita 100 (kipimo cha jinsi udongo unavyozuia umeme), ampea 30,000 zikiingia ardhini, mtu aliye mita 10 kutoka hapo na miguu iliyoachana mita 1 ana volti zipatazo 4,300 kati ya miguu. Ng'ombe mwenye mita 1.5 kati ya miguu ya mbele na ya nyuma anapata kama 6,200, tena mkondo wake unapita kifuani. Udongo wa changarawe kavu wa ohmu-mita 1,000 huzidisha hesabu hizo mara kumi. Kwa hiyo rodi ya ethi, yaani fimbo ya chuma inayoupeleka mkondo ardhini, usiichimbie mlangoni wala kando ya zizi.