Kamba Aliyoificha Tolstoy

Usiku wa jana usingizi ulipaa tena. Tangu tumzike baba, saa nane hunikuta macho. Nikawasha taa nikarudi kwa Leo Tolstoy, mwandishi wa riwaya wa Urusi, kwenye kitabu cha ungamo lake alichokianza mwaka 1879, akiwa na miaka 51.

Alikuwa na kila kitu. Riwaya yake Vita na Amani imeshatoka, Anna Karenina pia. Ana mke, watoto, shamba la Yasnaya Polyana, na nguvu za kufyeka nyasi sambamba na wakulima. Mtu huyo alijifichia kamba, asije akajinyonga kwenye boriti ya chumba alichokuwa akivulia nguo peke yake kila jioni. Hata kuwinda kwa bunduki akaacha.

Swali lililomwangusha ni fupi: halafu? Una desiatina 6,000 za ardhi kule Samara (desiatina moja inazidi hekta kidogo) na farasi 300, halafu? Utavuma kumpita mshairi Pushkin, kumpita Shakespeare, halafu?

Baba naye aliniuliza, wiki zake za mwisho. "Nimejenga, nimewasomesha. Sasa?" Sikumjibu. Nilimweka sawa mto, nikatoka kwenda kuchemsha uji. Laiti ningeketi.

Tolstoy aliwaendea wanafalsafa na wanasayansi, akarudi mikono mitupu. Waliomshangaza ni wakulima wa kawaida: waliugua, walizika, wakafa wametulia, huku yeye akitetemeka. Akaanza kusali na kufunga pamoja nao. Utulivu haukudumu. Aliyakataa mafundisho mengi ya Kanisa la Othodoksi, nalo mwaka 1901 likatangaza kwamba si wake tena. Mwaka 1910, na miaka yake 82, aliondoka nyumbani kabla hakujapambazuka, akamwacha Sofia baada ya miaka 48 ya ndoa. Kwa hilo siwezi kumtetea. Homa ya mapafu ilimshika njiani, akafia katika nyumba ya mkuu wa stesheni ya Astapovo.

Walimzika kwao msituni, ukingoni mwa korongo, bila msalaba wala jiwe. Utotoni, kaka yake Nikolai alimwambia kwamba hapo kimefukiwa kijiti cha kijani, kimeandikwa siri ya kuwapa watu wote furaha. Baada ya vitabu vyote vile, mzee aliomba alazwe karibu na kijiti.

Baba aliomba tumzike chini ya mwembe alioupanda babu. Nilidhani amependa kivuli tu.