Maneno mawili nyuma ya kadi ya Bibi

Leo Dominika nimerudi kanisani na neno moja limenikwama kooni kama mwiba wa samaki: wazushi. Limetoka mimbarini, wakatajwa akina mama wachache wa kitongoji chetu ambao kila Alhamisi jioni hukutana chini ya mkorosho kusali na kuwaombea wagonjwa. Hawajahama kanisa. Jumuiya wanahudhuria, zaka wanatoa. Hakuna aliyewaita akawauliza wanasali nini.

Nilimkuta Bibi barazani, kwenye mkeka, anachambua korosho, nzuri anasukuma huku, zilizosinyaa kule. Nikamsimulia. Hakuinua kichwa.

"Hata mimi nilikuwa mzushi, mjukuu wangu. Kaniletee sanduku langu."

Chini kabisa ya vitenge kulikuwa na mfuko wa nailoni, na ndani yake kadi ya ubatizo iliyoliwa kona na mchwa. Nyuma, kwa wino uliogeuka rangi ya kahawia na mwandiko wa kulala, pameandikwa: "Amezuiwa. Unyago." Basi, hayo tu. Bibi alikuwa hajajua kusoma. Kaka yake ndiye aliyemsomea. Ilikuwa miaka ya hamsini, mama yake alimpeleka kuchezwa unyago kama mabinti wote wa Kimakua wa rika lake, na kwa masika mawili mfululizo alikaa benchi la nyuma akiwatazama wenzake wakienda kupokea komunyo.

Linaloniuma zaidi ni kwamba hapa hapa Masasi, kwa Waanglikana, mambo yalikwisha kuchukua njia nyingine zamani. Vincent Lucas, aliyekuja kuwa askofu wa kwanza wa Masasi mwaka 1926, aliona kuwa jando haliwezi kung'olewa bila kuwang'oa watu, akalipa sura ya Kikristo, likafanyika kwa sala na chini ya uangalizi wa mapadre. Bibi anakumbuka binamu yake wa upande ule alivyotoka jandoni akashangiliwa hadi kanisani. Ukoo mmoja, Yesu mmoja, mwendo wa asubuhi moja kwa miguu. Huku dhambi, kule ibada.

Sijaacha kuwaza tangu mchana. Asubuhi ile ile tulikuwa tumesimama tukasema Nasadiki: "aliyezaliwa bila kuumbwa, mwenye umungu mmoja na Baba." Mzizi wa maneno haya ni Mtaguso wa Nikea, mkutano wa maaskofu wa mwaka 325, na yalielekezwa kwa mtu mmoja hasa, Ario, padre wa Aleksandria, aliyefundisha kwamba Mwana aliumbwa na kwamba kulikuwa na wakati hakuwapo. Mimi nasadiki kama Nikea, kwa moyo wangu wote. Kama Kristo ni kiumbe kama mimi, sijui angenikomboaje.

Lakini nikitaka kumsikia Ario mwenyewe nimsikie wapi? Konstantino, kaisari wa Roma, aliamuru maandishi yake yachomwe, na atakayeyaficha auawe. Inasimuliwa kwamba alitunga hata nyimbo za kuimbwa na mabaharia na wasagaji wa nafaka (najiuliza zilikuwa na mahadhi gani). Utenzi wake mkubwa umebaki vipande, na vingi vya vipande hivyo vimo ndani ya vitabu vya Atanasi, adui yake, aliyevinukuu ili avikanushe. Na Atanasi huyo naye alifukuzwa kwenye kiti chake cha uaskofu mara tano, maana upepo wa ikulu ulikuwa ukigeuka. Konstantino mwenyewe, alipokuwa anakata roho mwaka 337, alibatizwa na Eusebio wa Nikomedia, mtu wa upande wa Ario.

Au wale Wagnostiki, watu wa karne za mwanzo waliofundisha kwamba wokovu huja kwa maarifa ya siri. Kwa karne nyingi Kanisa liliwajua hasa kupitia kwa wapinzani wao, kama Ireneo wa Lyon aliyeandika karibu na mwaka 180. Kisha mwaka 1945, karibu na Nag Hammadi kule Misri, wakulima wakafukua mtungi wenye vitabu vya Kikopti vilivyojalidiwa kwa ngozi. Nimesoma tafsiri ya baadhi yake. Ireneo hakuwasingizia kila kitu, na mengine humo yananisumbua kweli. Ila katikati yake nilikuta sala ya shukrani, fupi, ya watu wanaomshukuru Mungu kwa kuwajalia kumjua. Sikutegemea kuikuta. Niliisoma mara tatu.

Kigiriki waliita jambo hili hairesis, neno ambalo mwanzoni lilimaanisha kuchagua tu. Sisi tunasema uzushi, kutokana na kuzua, na mtu akishaitwa mzushi tayari amekuwa mwongo kabla hajafungua kinywa. Bibi alizua nini? Hata kuchagua hakuchagua. Mama yake alimshika mkono, wakaenda.

Nikatazama tena yale maneno mawili. Ndiyo peke yake yaliyoandikwa juu ya imani ya msichana yule, na yameandikwa na mkono wa aliyemzuia. Nikaingia ndani nikatoka na daftari, nikamwambia, Bibi, sema wewe, mimi naandika.

Alinyamaza kitambo. Mikono ikaacha korosho.

"Andika kwamba kule unyagoni nilikuwa nasali rozari. Usiku, wenzangu wakilala. Shanga niliziacha nyumbani, nikahesabu kwa vidole." Akaninyooshea kidole kimoja kimoja, taratibu, kuanzia kidole gumba, huku midomo ikitembea, mpaka vyote kumi vikaisha. Kisha akasema, "Baba Padre hakuniuliza. Na hilo liandike."

Nimeliandika. Jua lilikuwa limezama, tukaanza kukusanya korosho kwenye gunia, yeye akishika mdomo wa gunia, mimi nikimimina.

"Alhamisi utanisindikiza kwa wale akina mama," akaniambia. "Na daftari uje nalo."