Safari ya kwenda kuziona kuta za jua la kutengenezwa

Swali lililonifungisha safari liliulizwa darasani. Nilikuwa nimeandika ubaoni kwamba ili viini vya hidrojeni viungane hapa duniani kama vinavyoungana ndani ya jua, gesi hiyo lazima ifikishwe kwenye joto la nyuzi milioni 150. Msichana mmoja akanyosha mkono: "Mwalimu, sasa moto huo unapikwa kwenye chungu gani?" Nikamjibu kwamba chungu hakuna, sumaku ndizo zinazoushika moto usiguse kitu. Ndivyo vitabu vya shule vinavyosema. Usiku ule nililala nalo jibu langu nikaona halijatimia, kwa sababu hakuna moto unaowaka siku nzima bila joto lake kutokea mahali. Likizo ilipofika nikaenda kupatafuta mahali hapo.

Nilianzia Culham, karibu na Oxford, Uingereza. Treni husimama kwenye kituo kidogo, na kutoka hapo unatembea kwa miguu hadi kwenye maabara. Humo ndimo ilimokuwa ikifanya kazi JET, tokamaki iliyowashwa mara ya kwanza mwaka 1983 na kuzimwa kabisa tarehe 18 Desemba 2023. Tokamaki ni chombo cha chuma kilichoviringwa kama tyubu ya gurudumu. Hewa yote imefyonzwa ndani yake, na nje kimezungukwa na sumaku kubwa. Hidrojeni ikiingizwa humo na kupashwa moto, elektroni zinabanduka kutoka kwenye viini, na kinachobaki ni plazma. Chembe zake zina chaji ya umeme, kwa hiyo hufuata mistari ya sumaku badala ya kutawanyika ovyo.

Kuna picha moja ya ndani ya JET iliyonisimamisha kwa muda mrefu. Nusu yake inaonyesha chombo kimezimwa, nusu nyingine plazma inawaka. Nilitarajia kuona katikati pamewaka kama tanuri. Katikati hapana kitu! Unaona moja kwa moja hadi ukuta wa upande wa pili, na mwanga wa rangi ya waridi uko chini na pembeni tu. Mhandisi aliyekuwa mwenyeji wangu alinieleza kwa subira. Katikati pana joto kali kiasi kwamba hidrojeni haina hata elektroni moja iliyobaki nayo, na mwanga ambao macho yetu huuona hutolewa na atomi ambazo bado zina elektroni. Kwa hiyo, penye rangi pamepoa. Na palipopoa ndipo plazma inapokutana na ukuta.

Niliondoka kwenye picha ile nikijua nimepata nilichokifuata. Sumaku hushika vizuri sana, lakini huvujisha. Chembe moja moja huhama polepole kutoka katikati kuelekea nje, mpaka zivuke mpaka wa mwisho wa sumaku. Baada ya hapo hukimbia ndani ya utando mwembamba, wa milimita chache tu, na kushuka hadi sakafuni mwa chombo, kwenye sehemu iitwayo daivata. Sehemu hiyo imetengenezwa makusudi ili ipigwe. Na ukuta wenyewe huchangia kupigwa kwake: elektroni, kwa kuwa ni nyepesi na zina mbio, hufika kwanza na kuutia ukuta chaji hasi, kisha chaji hiyo huzivuta ioni, yaani atomi zilizovuliwa elektroni, zije kwa kasi zaidi. Ioni ikitua kwa kishindo inaweza kung'oa atomi ya ukuta, na atomi iliyong'olewa huweza kuingia ndani ya plazma. Hapo ndipo taabu inapoanzia.

Pale Culham nilisimuliwa jinsi kuta zilivyobadilishwa. Kwa miaka mingi sehemu kubwa ya ukuta wa JET ilifunikwa kwa vigae vya kaboni. Kaboni haiyeyuki, na atomi zake zikiingia kwenye plazma hazileti madhara makubwa kwa kuwa zina elektroni 6 tu, ambazo huvuliwa upesi. Lakini ina tabia mbaya. Hidrojeni ikikutana na kaboni yenye joto huungana nayo na kuwa gesi za jamii ya methani, hivyo ukuta unaliwa hata pale usipopigwa kwa nguvu. Gesi hizo huenda kutua kwenye pembe za baridi na kuwa tando laini, na tando hizo hufungia fueli ndani yake. Fueli ya vinu hivi ni mchanganyiko wa deuteri na tritiamu, hidrojeni za aina mbili nzito. Tritiamu ina mionzi, ni adimu, na nusu yake huoza kila miaka 12 na ushee. Huwezi kuendesha kinu ambacho kuta zake zinakunywa fueli na hazirudishi.

Ndiyo maana mwaka 2009 mtambo ukasimamishwa, na vigae vikang'olewa na kuwekwa vipya kwa mikono ya roboti iliyoongozwa na watu walioketi chumba kingine. Ulipowashwa tena mwaka 2011, ukuta ulikuwa wa berili, madini mepesi, na daivata ya tangsteni, madini mazito. Fueli iliyobaki ukutani ikapungua zaidi ya mara kumi. Mwaka 2013 walifanya jambo ambalo kwangu lilikuwa la ujasiri: waliacha makusudi ncha ya kipande kimoja cha tangsteni ijitokeze mbele ya wenzake, plazma iiyeyushe, ili waone kitakachotokea. Iliyeyuka kidogo kidogo, na mtambo ukaendelea kufanya kazi. Kwenye ukuta wa namna hiyo ndipo JET ilipotoa megajuli 69 za nishati mwaka 2023, kwa kutumia miligramu 0.2 tu za fueli. Magazeti yaliandika kuhusu nishati. Kuhusu ukuta sikumbuki kusoma hata sentensi moja.

Nikavuka bahari kwa treni ipitayo chini yake hadi Eindhoven, Uholanzi. Huko kuna mtambo uitwao Magnum-PSI, ambao hauunganishi viini kabisa. Kazi yake ni kumwaga plazma nene, kama maji ya bomba, juu ya kipande cha madini, saa baada ya saa. Nilichojifunza pale ni habari ya heli. Heli ndiyo jivu la muungano wa viini, na jivu hilo likipenya ndani ya tangsteni yenye moto mkali hujikusanya kuwa vipovu vidogo mno. Vipovu husukuma madini kutoka ndani, na uso uliokuwa uking'aa kama kioo huota manyoya membamba kuliko kitu chochote ambacho jicho linaweza kukiona. Ukiutazama unaona weusi tu, laini kama mahameli. Tangsteni, madini magumu yanayotumika kutengenezea vichwa vya kutobolea mawe, yanaota ukungu! Nilitazama sampuli ile nikahisi huruma, kama vile natazama ngozi iliyougua.

Greifswald, kaskazini mwa Ujerumani, nilikaa siku moja tu. Mtambo wa huko, Wendelstein 7-X, ni stelareta, chombo cha aina nyingine cha kushika plazma: sumaku zake 50 zimepindwapindwa kwa umbo ambalo kompyuta pekee ndizo zingeweza kulikokotoa, na plazma yake hujisokota bila kuhitaji mkondo mkubwa wa umeme ndani yake. Daivata yake imegawanywa sehemu kumi, vigae vyake ni vya kaboni, na maji hupita nyuma yake. Mwaka 2023 maji hayo yaliwezesha plazma kukaa dakika 8. Kabla ya kuwekwa mabomba ya maji, vigae vilikuwa vikihifadhi joto kama mawe ya jikoni, na jaribio lililazimika kukatizwa upesi.

Nilichokitamani zaidi ni Garching. Unapanda treni ya chini ya ardhi kutoka Munich, unashuka kituo cha mwisho, na umefika kwenye taasisi. Tokamaki ya ASDEX Upgrade ilianza kufunikwa kwa tangsteni hatua kwa hatua, na kufikia mwaka 2007 ukuta wote ulioelekea plazma ulikuwa tangsteni. Wakati ule wengi waliona ni kujitafutia balaa, na hofu yao ilikuwa na sababu. Miaka ya 1970, tokamaki ya PLT huko Princeton, Marekani, ilijaribu tangsteni, na katikati ya plazma pakapoa kuliko pembeni. Atomi ya tangsteni ina elektroni 74. Hata katikati ya moto haivuliwi zote, na zile zinazobaki hunyonya joto na kulitoa nje kama eksirei. Atomi za tangsteni zikifika kama moja kwa kila elfu kumi, moto wa kinu hauwezi kujitegemea.

Sasa ilikuwaje ikawezekana? Nilipouliza, jibu lilikuja kwa mfano wa punje ya mtama na jiwe. Ioni ya hidrojeni ni nyepesi mno mbele ya atomi ya tangsteni, na ikija polepole haiing'oi, inadunda tu. Hata atomi inayong'olewa huvuliwa elektroni karibu na ukuta kabisa, na kwa kuwa ni nzito huzunguka mduara mpana kwenye sumaku, na mara nyingi mduara huo huirudisha ilikotoka. Kwa hiyo siri ni kuipoza plazma kabla haijatua. Wahandisi huingiza kiasi kidogo cha nitrojeni, neoni au argoni karibu na daivata. Gesi hizo hung'aa na kulitawanya joto pande zote, na mwishowe plazma hutua juu ya gesi kama juu ya mto wa kulalia, badala ya kutua juu ya madini. Kitu kilekile kinachoua moto kikiwa katikati, yaani atomi ngeni zinazong'aa, kikiwa pembeni ndicho kinachouokoa ukuta. Niliandika jambo hilo kwenye daftari langu na kulipigia mstari mara mbili.

Nilimalizia kusini mwa Ufaransa, Cadarache. WEST, tokamaki yenye ukuta wa tangsteni, ilishika plazma kwa sekunde 1,337 tarehe 12 Februari 2025, zaidi ya dakika 22. Jirani yake inajengwa ITER, tokamaki kubwa, kazi ya Umoja wa Ulaya pamoja na China, India, Japani, Korea Kusini, Urusi na Marekani. Inakusudiwa itoe megawati 500 kutokana na megawati 50 zitakazoingizwa kuipasha plazma moto. Sakafuni kutakuwa na kaseti 54 za daivata, kila moja ikiwa na uzito wa tani kadhaa, na vipande vya mbele lazima vihimili megawati 10 kwa kila mita mraba, na kwa muda mfupi hata 20. Megawati 10 ni sawa na pasi elfu kumi za umeme zilizorundikwa kwenye mita moja ya mraba. Uso wa jua lenyewe hutoa takriban megawati 63 kwa kila mita mraba.

Ukuta wa juu ulipangwa uwe wa berili. Mwaka 2023 wakuu wa mradi walipendekeza kuachana nayo na kuweka tangsteni. Berili ina sumu ikivutwa kama vumbi, na huyeyuka kwenye nyuzi 1,287, ilhali tangsteni huvumilia hadi 3,422. Kubadilisha ukuta wakati jengo limeshasimama ni kazi nzito na ya gharama, lakini mimi naona waliamua vyema. Bado kuna nyutroni, ambazo hazina chaji, hazisikii sumaku, na hubeba sehemu nne kwa tano za nishati yote. Hizo hupita uso wa ukuta na kusogeza atomi ndani kabisa. Kinu cha kuzalisha umeme kitapigwa nazo kwa wingi ambao hakuna tokamaki iliyowahi kuupata.

Kabla ya kuondoka nilipewa nishike kijipande cha daivata, mche mdogo wa tangsteni wenye tundu katikati. Uzito wake ulinishtua. Mkono ulishuka wenyewe. Tunduni hupita bomba la shaba, na ndani ya bomba hupita maji. Nikaingiza kidole humo, na kidole gumba nikakiweka juu, upande utakaotazama moto. Kati ya vidole vyangu viwili palikuwa na unene usiofikia urefu wa ukucha. Upande mmoja utakuwa na joto la zaidi ya nyuzi elfu moja, upande wa pili maji yakipita kasi bila kukoma. Nilipiga picha mkono wangu vivyo hivyo, nikampelekee aliyeniuliza habari ya chungu.