Kutoka Dworkowa hadi Wilcza

Siku yangu ya tatu Warsaw nilipitiliza kituo cha tramu, ikabidi nirudi kwa miguu Mtaa wa Puławska huku upepo ukinichapa usoni. Nilikuwa namtafuta Jerzy Stefan Stawiński, mwandishi wa filamu wa Kipolandi. Mwenyewe alishafariki mwaka 2010, kwa hiyo nilichokuwa nakitafuta hasa ni chemba za majitaka.

Mtajie mpenzi wa sinema filamu ya Kanał, atakujibu hapo hapo: Andrzej Wajda. Sawa, ndiye aliyeiongoza, na mwaka 1957 ikatunukiwa tuzo maalumu ya majaji kule Cannes. Ila hadithi na muswada ni vya Stawiński, na hakuvibuni mezani. Mwishoni mwa Septemba 1944, wakati wa uasi wa Warsaw dhidi ya Wajerumani walioikalia, wapiganaji wa mtaa wa Mokotów, kusini mwa jiji, walipozidiwa nguvu, yeye, ofisa wa mawasiliano, aliingia na watu wake kwenye mitaro ya majitaka ili watokee katikati ya jiji.

Dworkowa ni kimtaa kifupi, kimya, chenye mnara wa kumbukumbu. Waliopotea njia kule chini walitokea hapa, mikononi mwa adui. Zaidi ya 100 walipigwa risasi.

Jana yake nilikuwa nimepita kwenye mtaro wa kuigiza katika Makumbusho ya Uasi wa Warsaw. Ni matofali matupu, hakuna maji wala uvundo, na mtoto aliyekuwa mbele yangu alikuwa akicheka. Mimi ni mrefu; hatua chache tu nimeinama, kiuno kikaanza kudai haki yake. Nikajisemea, hapa ongeza giza, kinyesi hadi magotini, na mtu wa mbele yako aliyeanza kuweweseka.

Nilipanda kaskazini hadi Uwanja wa Unii Lubelskiej, nikakunja Bagatela, nikashika Aleje Ujazdowskie. Njia nzima nilikuwa nawaza lile tukio la karibu na mwisho wa Kanał: wapenzi wawili wanafika mdomo wa mtaro, wanaukuta umezibwa kwa nondo, na ng'ambo ya mto panaonekana tu. Jeshi la Kisovieti ndilo lililokuwa limekaa ng'ambo hiyo, bila kuwaokoa waasi. Filamu haisemi, chini ya serikali ya kikomunisti isingeruhusiwa kusema, lakini Mpoland gani alihitaji kuambiwa?

Mwaka 1958 ikatoka Eroica, filamu ambayo Stawiński alimwandikia mwongozaji Andrzej Munk; sehemu yake ya kwanza ni uasi ule ule, safari hii shujaa akiwa mjanja wa mjini anayeingia vitani shingo upande. Mimi naipenda hiyo kuliko Kanał, na najua wapo watakaoninunia.

Kwenye kona ya Mtaa wa Wilcza, walikotokea waliofanikiwa, nilikuta mfuniko wa chuma uliolainishwa na matairi. Nikachuchumaa kuupiga picha. Mama mmoja mwenye mbwa akanizunguka bila kuuliza. Nilitazama saa. Kutoka Dworkowa nilikuwa nimetumia dakika 50, pamoja na kusimama kununua kahawa.